Kocha anamtaka mwanangu acheze mstari wa mbele kwenye futiboli ya Kimarekani. Hii ni kazi kweli?

Mama Elia (Akron)

Habari zenu wapendwa. Nauliza wenye uzoefu wa shule za huku Marekani, hasa wanaoufuatilia huu mpira wao wa kuvaa kofia ngumu.

Sisi ni watu wa Fizi, Kivu Kusini, tumekaa kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, Tanzania, miaka mingi kabla ya kuletwa Ohio. Mwanangu Elia ana miaka 15. Kliniki wamempima mita 1.93, kilo 121. Kambini alikuwa golikipa na hapa shuleni alianza na soka, lakini kocha wa futiboli amemwona akamchukua. Amemweka na wale wanene watano wanaoinama mbele kabla mpira haujaanza. Nilikwenda kuwaangalia Ijumaa usiku. Mwanangu hakugusa mpira hata mara moja! Ni kusukumana, kuanguka, kuamka, kusukumana tena. Njiani nikamuuliza, mbona wenzako hawakupi pasi? Akacheka, akasema, "Mama, mimi hata nikirushiwa siruhusiwi kupokea."

Kocha anasema Elia ana mwili wa takeli wa kushoto, chuo kinaweza kumsomesha bure, na mbele ya safari kuna pesa nyingi. Ila anataka aongeze kilo 15 kabla ya msimu ujao. Ametupa na karatasi ya chakula, mara sita kwa siku. Kanisani wananiambia mchezo huu unaharibu ubongo. Baba yake anasema mtoto asome, basi.

Je, mtu anajenga maisha kwa kusukumana? Na hayo ya ubongo ni kweli au ni maneno ya watu?

Chuma_cha_Pua

Mama, kilo 121 na miaka 15? Asiposukumana afanye nini, ushonaji? Aende akatafute hela 😂

MzeeWaParma

Mama Elia, salamu. Huyo hapo juu msamehe, hakuna mada humu asiyoipitia.

Mimi ni mtu wa Tanga, naishi Parma, pembeni ya Cleveland. Nilipofika mji huu wenzangu wa zamu ya usiku ghalani walinigawia timu bila kuniuliza: Cleveland Browns, wa NFL, ligi ya kulipwa ya mchezo huu. Ni timu inayopoteza kwa bidii. Januari 2018, baada ya kufungwa mechi zote 16 za msimu, mashabiki tulifanya maandamano ya kuuzunguka uwanja kwa mduara, tukichora sifuri kwa miguu, baridi ya kukata masikio. Nilikuwepo na sijuti. Nakwambia haya uelewe kwa nini mtu kama mimi ninaijua kazi ya mwanao. Kwa miaka 11 timu ile ilikuwa na kitu kimoja tu cha kutazama, naye alikuwa wa hukohuko kwa wanene: Joe Thomas, jezi namba 73, takeli wa kushoto.

Hao watano wako hivi. Katikati ni senta, ndiye anayeupitisha mpira katikati ya miguu yake kumpa kwotabeki. Ubavuni mwake wako gadi wawili, na nje kabisa takeli wawili. Kwotabeki anahitaji sekunde mbili unusu, tatu, atafute wa kumrushia. Hizo sekunde ndizo hao watano wanazozitengeneza. Kwotabeki wengi wanatumia mkono wa kulia, kwa hiyo akijiweka kurusha, mgongo wake unaelekea kushoto, na anayemjia toka huko hamwoni. Mwaka 1985 Lawrence Taylor wa New York Giants alimwangukia Joe Theismann, kwotabeki wa Washington, mguu ukavunjika huku nchi nzima ikitazama kwenye televisheni. Theismann hakucheza tena. Joe Jacoby, takeli wa kushoto wa kila siku wa Washington, usiku ule alikuwa majeruhi. Wamarekani ukiwauliza kwa nini takeli analipwa, wengi watakuanzia hapo.

Kwa hiyo mwanao ni kama yule anayeshika ngazi fundi akiwa juu. Hakuna anayemtazama mpaka ngazi iteleze. Hata kutajwa kwake ni kwa ubaya: mwamuzi anafungua maikrofoni, anasema namba fulani ameshika mtu, timu inarudishwa yadi 10, uwanja mzima unazomea.

Sasa huyo Thomas. Siku ya timu za ligi kuchagua wachezaji wapya kwa zamu, Aprili 2007, vijana wenzake walikuwa New York wamevaa suti. Yeye alikuwa kwenye boti Ziwa Michigan, anavua samaki na baba yake. Browns wakamchukua wa tatu katika nchi nzima. Mechi ya kwanza, Septemba 9, dhidi ya Pittsburgh Steelers, kwotabeki wetu Charlie Frye alitolewa hata mapumziko hayajafika, na siku mbili baadaye akapelekwa Seattle. Thomas ndiyo kwanza ameanza kazi, na mtu anayemlinda kashaondolewa mjini! Walipita kwotabeki kama 20 nyuma ya mgongo wake. Derek Anderson, Brady Quinn, Colt McCoy, Weeden, Hoyer, Manziel… wengine nimewasahau na nina haki ya kuwasahau. Makocha nao walikuwa wa kuja na kuondoka.

Yeye hakutoka. Nikisema hakutoka sina maana hakukosa mechi tu. Kila mpira ulipoanzishwa Browns wakishambulia, yeye yupo, tangu siku ile ya Steelers. Mara 10,363 mfululizo. Hata tukiwa tumefungwa thelathini na kitu, dakika za mwisho, watu wanatafuta funguo za magari, 73 yuko pale anarudi nyuma kwa hatua fupifupi, mikono mbele, kifua wazi. Misimu yake 10 ya kwanza yote alichaguliwa mchezo wa nyota wa ligi. Mechi za mtoano hakucheza hata moja maisha yake yote.

Oktoba 22, 2017, tunacheza na Tennessee Titans nyumbani, akaanguka akishika mkono wa kushoto. Msuli wa nyuma wa mkono ulikuwa umechanika. Machi iliyofuata akastaafu, na mwaka 2023 akaingizwa kwenye Ukumbi wa Umaarufu, makumbusho ya magwiji wa futiboli, mwaka uleule wa kwanza alioruhusiwa kupigiwa kura.

Hilo ndilo jibu la swali la kwanza. Ndiyo, ni kazi, na pesa ipo. Mwaka 2024 Detroit walimpa takeli wao Penei Sewell mkataba wa miaka minne wa dola milioni 112, tena wakati huo alikuwa wa upande wa kulia. Lakini hao ndio wa juu kabisa. Timu ziko 32, kila moja ina watu 53, na chama cha wachezaji wenyewe hutaja wastani wa maisha ya ligi kuwa miaka mitatu na kidogo. Pensheni unaanza kuistahili ukifikisha misimu mitatu. Piga hesabu mwenyewe.

Swali la ubongo si maneno ya watu. Narudi baadaye, zamu inaanza.

Nesi_Neema

Nichukue hilo la ubongo wakati Mzee yuko kazini. Mimi ni nesi, siyo daktari wa ubongo, ila mwanangu naye alicheza kwa hiyo nimelisoma.

Mama, kuna mambo mawili tofauti. La kwanza ni mtikisiko wa ubongo: mtoto anagongwa, anaona ukungu, anatapika, anasahau kilichotokea. Kila jimbo la Marekani sasa lina sheria. Mwanafunzi akishukiwa tu, anatolewa uwanjani na harudi mpaka mtaalamu wa afya aandike kuwa amepona. Ukiona kocha anamrudisha siku hiyohiyo, hapo usiongee naye kwa upole.

La pili ndilo la kutisha zaidi, na linawahusu hasa watu wa mstari wa mbele. Ugonjwa wa ubongo unaoitwa CTE hauhitaji kuzimia. Unahusishwa na vipigo vidogovidogo vinavyorudiwa miaka na miaka. Mshika mpira anaweza kukwepa. Anayecheza nafasi ya Elia anagongana karibu kila mara mpira unapoanzishwa, mazoezini na kwenye mechi. Na kwa mtu aliye hai hakuna kipimo cha kuuthibitisha, unathibitishwa kwa kuchunguza ubongo baada ya kifo.

Usiogope kupita kiasi, si kila anayecheza anaupata. Lakini muulize kocha wiki moja ina mazoezi mangapi ya kugongana kweli. Kocha mzuri atakujibu bila kubabaika.

Otieno_Seattle

Sasa mimi nitamtetea kocha kidogo. Mchezaji anaweza kuanza akiwa hajui chochote. Jordan Mailata alikuwa anacheza raga ya Sydney, Australia, wazazi wake Wasamoa, hajawahi kuvaa hiyo kofia kwenye mechi hata moja. Philadelphia Eagles wakamchukua 2018, raundi ya saba, nafasi ya 233. Misimu miwili hakucheza mechi ya ligi, anafundishwa tu. 2024 wakampa miaka mitatu, milioni 66, na Februari 2025 akashinda Super Bowl, fainali ya ligi, akiwa takeli wa kushoto.

Na sisi Wakenya tulikuwa na Daniel Adongo, mtu wa raga pia, Indianapolis Colts 2013. Yeye alikuwa upande wa ulinzi na hakudumu, lakini alifika. Kwa hiyo golikipa wa Nyarugusu kwa nini asifike?

Chuma_cha_Pua

Milioni 66. Mama mpe mtoto ugali.

MzeeWaParma

Nimerudi. Otieno, Mailata ni mfano mzuri ila una shimo: yeye alikwenda akiwa mtu mzima, mwili umeshajengeka, analipwa huku anajifunza. Elia ana miaka 15.

Mama, uko Akron. Canton ni mwendo wa nusu saa kwa gari kushuka kusini, na huko ndiko uliko huo Ukumbi wa Umaarufu. Mpeleke Elia, na baba yake aende. Kuna chumba chenye vichwa vya shaba vya wote walioingizwa. Kitafuteni cha Thomas, halafu tafuteni cha Mike Webster, wa mwaka 1997.

Hao wawili wametoka jimbo moja, Wisconsin. Wamesoma chuo kimoja, Chuo Kikuu cha Wisconsin. Wote mstari wa mbele. Webster alikuwa senta wa Pittsburgh Steelers, ana vikombe vinne vya Super Bowl, misimu 17 kwenye ligi. Alikuwa anatoka kucheza kwenye theluji amekunja mikono ya jezi, ngozi wazi, ili wapinzani waone hasikii baridi. Watu wa Pittsburgh mpaka leo wakimtaja wanasimama wima. Alipostaafu kichwa kikaanza kumwacha. Kusahau, maumivu, hasira, pesa zikapotea, ndoa ikafa, kuna wakati alikuwa analala kwenye pikapu yake. Alifariki Septemba 2002 akiwa na miaka 50.

Maiti yake ilifika mezani kwa daktari kijana wa Kinigeria aliyekuwa akifanya kazi Pittsburgh, Bennet Omalu. Ubongo kwa nje ulionekana mzima. Omalu hakuridhika, akauhifadhi, akaukata vipande vyembamba, na kwenye hadubini akakuta uchafu wa protini ambao mtu wa umri ule hakutakiwa kuwa nao. Akachapisha 2005. Madaktari wa kamati ya ligi wakaandika kudai makala hiyo ifutwe. Haikufutwa. Hiyo CTE anayoieleza Nesi Neema, kwa mchezaji wa ligi ile iligunduliwa kwanza kwa senta huyu, na aliyeigundua ni Mwafrika aliyekuwa hajui hata sheria za mchezo wenyewe. Watu wa kanisani kwenu waambie hivyo.

Na Thomas je? Mwaka 2017, akiwa bado anacheza, alisema waziwazi kwamba kumbukumbu yake imeanza kulegea. Hilo nalo mwambie Elia, asikie la mtu aliyefanikiwa, si la aliyeanguka tu.

Sasa mimi ningefanyaje? Ningemwacha acheze. Najua Neema atanikunjia uso. Kijana aliyetoka kambini, hana lugha vizuri, akipata kundi la wenzake wanne wanaomtegemea kila Ijumaa, hicho si kitu cha kumnyang'anya kirahisi. Ila ile karatasi ya chakula ningeirudisha kwa kocha na mikono miwili.

Sikiliza habari ya kula. Thomas alicheza akiwa na kilo karibu 140. Ameeleza mara nyingi kwamba kuutunza ule uzito ilikuwa kazi yenyewe, kula wakati hana njaa, kula kabla ya kulala. Alipostaafu akapunguza zaidi ya kilo 20, ukimwona leo hutamjua. Hivyo ndivyo wanavyofanya wengi wa mstari wa mbele wakimaliza, kwa sababu mwili ule ulikuwa wa kazi, haukuwa wa kwao. Na yeye alikuwa mtu mzima, ana madaktari wa timu wanamzunguka, ana mshahara. Mtoto wa miaka 15 kuongezwa kilo 15 kwa mwaka kwa ajili ya timu ya shule, magoti yake anayalipia nani?

Kilo zitakuja zenyewe. Miguu haiji yenyewe. Takeli kazi yake kubwa ni kurudi nyuma kimshazari bila kupoteza mizani, macho kwa adui. Golikipa anajua hiyo. Kwa hiyo ningemwambia kocha: kwenye soka mwache aendelee kudaka. Thomas mwenyewe akiwa chuoni alikuwa anarusha tufe na kisahani, hakuwa mtu wa futiboli peke yake. Na Jason Kelce, senta wa Philadelphia, alifika chuo cha Cincinnati bila ufadhili, akakimbizwa nafasi hii na ile, wakamweka mstari wa mbele akiwa mwembamba kwa kazi ile. Alichaguliwa wa 191 mwaka 2011, watu wakisema ni mdogo. Akacheza misimu 13.

Baba Elia anasema mtoto asome. Mpe silaha: chuo cha daraja la kwanza la michezo hakimchukui mtoto bila kozi 16 za msingi za sekondari zinazotambulika na wastani wa alama usiopungua 2.3. Wanetu waliochelewa kuingia shule za huku ndio wanaoangukia hapo, wakati misuli wanayo. Nendeni ofisi ya mshauri wa masomo sasa hivi, msisubiri darasa la kumi na mbili. Kocha amekueleza habari ya kilo. Je, amekueleza habari ya kozi?

Nesi_Neema

Sikunji uso, Mzee. Kwenye hiyo karatasi ya chakula tuko pamoja kabisa. Mama, kabla ya kumwongeza kilo hata moja apimwe sukari na presha. Kwa uzito alionao na umri wake, hicho ni kipimo ningekitaka hata kama asingecheza.

Mama Elia (Akron)

Shikamoo Mzee, na asante dada Neema, asante na Otieno. Nimemsomea baba yake yote jana usiku. Aliponyamaza sana ilikuwa kwa huyo Webster. Halafu akauliza Canton wanalipisha kiingilio shilingi ngapi, nikajua angalau tutakwenda.

Mshauri wa masomo nimepata miadi Jumanne. Tayari nimegundua kozi moja ya Kiingereza anayosoma Elia haihesabiwi. Kocha hakujua, au hakuangalia. Soka kasema mwenyewe hataki kuiacha, kwa hiyo hapo nina nguvu.

Moja dogo: anahitaji viatu vya meno na mguu wake ni namba 16. Duka la hapa jirani wanaishia 14, na kwenye simu nimeona bei nikaifunga.

MzeeWaParma

Marahaba. Namba 16 usinunue vipya, miezi mitatu vitakuwa havimwingii. Shule nyingi zina kabati la vifaa na wanene waliomaliza huacha viatu vyao humo. Mwambie Elia amuulize anayetunza vifaa, siyo kocha. Akikosa niandikie pembeni, kijana wa jirani yangu hapa Parma amemaliza mwaka huu na mguu wake ni jahazi, nitamuuliza mama yake.

Chuma_cha_Pua

Na mimi nina namba 9 kama kuna anayetaka.